Matanga ya Mjerumani

Mama yangu alimlilia mwigizaji wa Kijerumani kabla ya kumlilia binti yake mwenyewe, na mpaka leo nikikumbuka kichwa kinaniuma.

Dada yangu alifia Wamaza, kwa mume wake, akijifungua. Mvua ilikuwa imekata njia, na habari ilipotufikia Kasongo walikuwa wameshamzika. Mama akakataa matanga. "Sijaona kaburi. Nitalia nini?" Kila jioni akaendelea kumpakulia dada chakula kwenye sahani yake, na mimi ndiye niliyeosha sahani ambayo hakuna aliyeigusa.

Basi padri akaleta sinema. Alitundika shuka kwenye ukuta wa shule ya misheni, na katekista akasimama kando akitueleza mambo kwa Kiswahili, kwa sauti ya mahubiri. Mwanamke mmoja, Mjerumani, akafa kwa uzazi pale kwenye shuka. Mama akapiga yowe. Asubuhi nikamkuta ameketi chini kwenye mkeka, na wanawake wa mtaa wanaingia na unga na kuku, kama desturi. Baba, aliyebebeshwa mizigo ya Wabelgiji mpaka Tabora katika vita vya Wajerumani, alikaribia kupasuka.

"Matanga ya Mujerumani! Mu nyumba yangu!"

Hakuna aliyemjali.

Kiangazi kilipofika, padri akaleta sinema nyingine, na nani anatokea? Yule yule, amevaa shela, anacheka. Wanawake wakamgeukia mama.

"Mutu tulimulilia, leo iko anaolewa?"

"Na kuku yangu je?"

Nilimweleza mama mpaka mate yakanikauka: ile ni kazi yake, leo anakufa, kesho anaolewa, ndivyo anavyokula. Mama akanitazama kwa huruma, kana kwamba mjinga ni mimi. "Kama ule alirudi, na wetu atarudi." Sikio la kufa halisikii dawa. Jioni ile sahani ya dada ilitiwa nyama.

Na Mjerumani hakuchoka kurudi. Mwaka huu muuguzi, mwaka ule mwenye duka, kisha mama wa watoto wakubwa. Padri alisema amefanya kazi hiyo tangu yeye mwenyewe bado yuko seminari. Nilimchukia mwanamke yule. Wenzake wote hawakuonekana tena, yeye tu ndiye hakujua kupumzika, na kila alipotokea mama alirudi nyumbani anaimba.

Mara ya mwisho alikuwa bibi. Nywele nyeupe, shingo imekunjamana, mikono inatetemeka akimimina chai. Tulipofika mlangoni mama akasimama.

"Umeona mikono yake? Amezeeka."

"Ndiyo, mama."

"Wetu hazeeki. Miaka yote hii, nikimupakulia, namuona na uso ule ule wa siku ya ndoa."

Nilitaka kujibu kwa hasira, kama nilivyozoea. Badala yake nikamfungulia mlango. Mama aliingia ndani, akachukua sahani ya dada ikiwa tupu, akaipanga pamoja na zetu. Kisha akatandika mkeka.

Kilio chake kiliwaleta majirani asubuhi. Safari hii walisimama mlangoni mikono mitupu, wamekunja uso.

"Nani amekufa? Ni ule Mujerumani tena?"

"Hapana," nikasema. "Ni dada."

Nilikuwa sijawahi kulisema neno hilo. Nikaketi chini kando ya mama.