Afande Aliyelinda Mashine ya Mama

Harufu ya mashudu ya pamba ikinipita puani, hata niwe katikati ya mkutano, moyo huanza kunidunda. Mnisamehe, wenzangu. Wengine hukumbushwa utoto na maandazi, mimi hukumbushwa na chakula cha ng'ombe. Mama alikuwa na mashine ya kukamua mafuta ya pamba hapa Bariadi mjini, na nilipokuwa darasa la nne nusura tunyang'anywe.

Waliinunua wawili, Mama na Mzee Masanja wa Shishiyu. Walipokosana kila mmoja akadai ni yake, na Masanja akaapa kuja kuing'oa aipeleke kwake. Mama akakimbilia mahakamani. Hakimu akaamuru mashine isihamishwe mpaka kesi iishe, na polisi wailinde. Basi Jumatatu asubuhi gari la polisi likasimama mlangoni kwetu, akashuka askari wa kike, mrefu, buti zinang'aa. Jamani, raha niliyoipata! Nilizunguka mtaa mzima nikitangaza kwamba sisi tuna polisi wetu.

Kwetu Usukumani mgeni haachwi akae na njaa. Mgeni njoo, mwenyeji apone, ndivyo Mama alivyotulea. Saa saba akapakua wali na kuku, akanituma. Nikapiga goti mbele ya zile buti.

"Afande, Mama anasema karibu chakula."

"Wabeja, asante mwanangu. Rudisha."

Akafungua hotpoti yake, akala viazi vyake vikavu. Kesho yake nikapeleka ugali na samaki, akarudisha. Siku ya tatu nikachota michembe ya bibi, vile viazi vitamu vilivyoanikwa, iliyopikwa na karanga, nikajua hapo hachomoki. Akarudisha! Nilimchukia kabisa. Nikamwambia Mama kwamba yule anaringa, anatuona sisi wachafu. Niliona Mama naye ameumia.

Alhamisi mchana lori likaja. Vijana wanne wakaruka chini na minyororo, Masanja mbele yao. Afande akasimama mlangoni, akatoa amri ya mahakama, akaisoma yote kwa sauti. Watu wakajaa barabarani. Mimi nilikuwa nimeshapanda juu ya magunia ya mbegu, nisipitwe na kitu.

"Karatasi naijua!" Masanja akafoka. "Lakini wewe humtumikii hakimu, wewe ni mtu wa huyu mama. Siku nne unakula kwake! Vijana, ingieni!"

Vijana wakasogea. Mama akashika kichwa. Ndipo fundi cherehani wa ng'ambo ya barabara, shemeji yake Masanja, ambaye sote tulijua amewekwa pale kutuchunguza, akasimama na futi yake shingoni.

"Shemeji, hapo hapana. Nimekaa hapa siku zote nne. Sahani za huyu binti zinarudi zimejaa."

Watu wakaangua kicheko. Vijana wakatazamana, mmoja akasema, "Mzee, sisi na serikali hatuna ugomvi," wakapakia minyororo yao. Lori likaondoka tupu! Nilirukaruka kwa furaha mpaka nikaporomoka na gunia zima, mbegu zikanijaa hadi masikioni. Kesi ilipoisha, mashine ilibaki kwetu.

Kwa miaka mingi niliamini kwamba buti zile ndizo zilizotuokoa. Siku hizi mimi ni afisa ardhi. Wiki iliyopita mama mmoja wa Sola, anayegombania mpaka wa shamba na jirani yake, alimtuma binti yake ofisini kwangu na jogoo. Binti akapiga goti. Nikamwambia arudishe. Alinitazama kwa chuki ninayoijua vizuri sana, akambeba jogoo wake akaondoka. Nikabaki pale kitini, nikimwomba radhi kimoyomoyo yule afande, ambaye hata jina lake sikuwahi kumuuliza.