LaVonne na Ligi Iliyopungukiwa na Chuo Kimoja

Saa kumi na moja na nusu alfajiri, LaVonne Tollefsrud ana simu moja sikioni na nyingine inaita mezani. Nje theluji inaanguka, na hii ni wiki ya mwisho ya Aprili.

"Kwako imefika wapi?" anauliza. "Kwenye kifundo cha mguu? Basi hapo hakuna besiboli leo. Tuwahamishie Jumapili baada ya ibada. Hapana, baada ya ibada na chakula. Nakujua wewe, hutaondoka mezani."

Anakata, anainua ya pili. Ni mwamuzi ambaye ameshaingia barabarani kutoka Sioux Falls.

"Geuza gari, baba. Rudi ukalale. Ndiyo, mafuta tutakulipa."

Ofisi ya Ligi ya Tamarack, ligi ya michezo ya vyuo, iko juu ya duka la zana za kilimo mjini Ulvestad, kusini-magharibi mwa Minnesota. Ina meza mbili, dirisha moja, na harufu ya mbolea inayopanda ngazi kila majira ya kuchipua. LaVonne ana miaka sitini na mbili. Ndiye mpanga ratiba, mtafuta waamuzi, mpokea simu na mng'arisha makombe. Mwenzake kazini ni mmoja tu, bosi wake, kamishna Terrell Guidry, ambaye asubuhi hii bado hajafika.

Mechi zilizozuiwa na theluji zimeshapangiwa siku nyingine. LaVonne anavuta pumzi na kumgeukia mwandishi wa makala haya.

"Kahawa?"

"Asante, usijisumbue."

"Kidogo tu."

"Kweli kabisa, nimekunywa nyumbani."

"Ipo tayari, nitaimwaga."

"Haya, kama unaimwaga."

Ni kahawa yetu ya huku ya siku zote, nyepesi mpaka unaona chini ya kikombe. Anaongeza kipande cha keki ya rhubarb, yale mabua mekundu yenye uchachu, na hapo mwandishi hahitaji kubembelezwa sana.

Ukutani kuna ubao uliofunikwa kitambaa cha sufu. Juu yake kuna vifungo vya nguo, kila chuo na rangi yake, vimepangwa viwili viwili. Hivyo ndivyo LaVonne anavyotengeneza ratiba kabla ya kuiingiza kwenye kompyuta. Vyuo viwili vilivyo jirani husafiri mwishoni mwa wiki moja, Ijumaa vinacheza huku, Jumamosi kule, kisha vinarudi nyumbani.

"Watu wanadhani ligi ni makombe," anasema. "Ligi ni nani anamtembelea nani, na basi litarudi saa ngapi. Hawa watoto hawalipwi hata senti kucheza. Ada wanalipa kama wengine, na Jumatatu asubuhi wana maabara ya kemia. Ukiwarudisha alfajiri, wewe ndiye umewafelisha."

Aliingia ofisi hii zaidi ya miaka ishirini na mitano iliyopita, majira ambayo yeye na mumewe Verlyn waliuza ng'ombe wao wa maziwa. Alikuja kumshikia mtu simu kwa wiki chache. Mtu huyo hakurudi, na LaVonne hakuondoka.

Leo analipwa dola elfu thelathini na tisa kwa mwaka. Hazimfanyi tajiri, lakini si hizo zinazomshikilia kazini. Figo za Verlyn zilichoka, na sasa mara tatu kwa wiki anakaa kwenye kiti cha mashine ya kusafisha damu.

"Mshahara ningeupata hata hapo chini nikiuza misumari," anasema. "Bima ya afya ndiyo nisingeipata. Verlyn yuko kwenye bima yangu. Ligi ikifa, bima inakufa nayo. Sasa unajua nilivyolala miaka hii miwili."

Maana ligi ilikuwa inakufa kweli.

Ilikuwa na vyuo sita, vyote vidogo, vyote katikati ya mashamba ya mahindi na soya. Wakuu wa vyuo hivyo ndio baraza lake, na kila chuo kina kura moja, kiwe na wanafunzi elfu mbili au mia sita. Kisha chuo cha Ashby kikapata mwaliko kutoka ligi kubwa upande wa Minneapolis.

Ashby waliondoka kwa desturi zetu, yaani waliaga mwaka mzima. Waliaga mkutanoni, wakaaga mlangoni, wakaaga wakiwa wameshawasha gari. Walileta hata biskuti. Lakini waliondoka, na LaVonne akakitoa kifungo chao cha kijani ubaoni.

"Vyuo vitano ni balaa," anasema. "Kila mwisho wa wiki mmoja anakosa mwenzake. Timu inakaa nyumbani inatazama theluji."

Hilo lingevumilika. Lisilovumilika ni kwamba kanuni za shirikisho lao la taifa zinataka vyuo sita. Ligi yenye pungufu ya hapo, bingwa wake hapati tena nafasi ya moja kwa moja kwenye mashindano ya taifa. Tamarack walipewa miaka miwili ya kutafuta chuo cha sita, na muda huo ulikuwa unakwisha kiangazi hiki. Chuo cha Saint Walburga, kinachoendeshwa na masista, kilikuwa kimeanza kuulizia kwingine chinichini. Kikiondoka hicho, waliobaki wangetawanyika.

"Tulikuwa tukikutana kwenye mechi kama watu waliokutana msibani," anasema LaVonne. "Kila mtu anasema chakula kizuri, hakuna anayetaja maiti."

Tumaini lilikuwa moja, chuo cha Vang, upande wa pili wa mpaka, Dakota Kusini. Vang hakina ligi. Kinaokoteza mechi popote kinapozipata, na timu zake zinakaa kwenye basi zaidi kuliko zinavyokaa darasani. Kamishna Guidry alimpigia simu mkurugenzi wao wa michezo, Orrin Skaar, mwezi Septemba. Skaar alishukuru sana, akasema wasingependa kuwa mzigo kwa mtu. Desemba kamishna akaendesha gari mwenyewe mpaka Vang, akalishwa nyama ya kuoka na pai, akauliza tena. Skaar akashukuru zaidi, akasema labda kuna chuo kingine kinachofaa kuliko wao.

Terrell Guidry ni mtu wa Louisiana. Ni mchangamfu, mkarimu, na hapa ana miaka mitatu tu.

"Kwetu hapana ni hapana," anaeleza. "Ukizidi kung'ang'ania, watu wanadhani unawauzia gari bovu. Nikarudi, nikamwambia Bi LaVonne kwamba Vang wamekataa."

Bi LaVonne hakumuuliza walikataaje. Anasema alisikia neno "wamekataa" na masikio yakaziba. Wiki ile alianza kufunga makombe kwenye maboksi. Alipofika nyumbani, Verlyn alimwuliza kuna nini, akamjibu hakuna kitu, na wote wawili wakajua kuna kitu.

Mwezi Februari ikaja fainali ya mpira wa kikapu ya wanawake, Lindholm na Saint Walburga, katika ukumbi wa Lindholm. Wengi waliamini ni fainali ya mwisho ya ligi. Watu walijaa mpaka wakasimama kwenye ngazi. Lindholm walishinda kwa kikapu cha dakika ya mwisho, wakashangilia kidogo, kisha wakaangalia chini.

Katika ligi hii mwenyeji huwalisha wageni, ashinde au ashindwe. Ni desturi ya zamani kuliko ofisi yenyewe. Baada ya mechi timu zote mbili, makocha, waamuzi na wazazi hushuka chumba cha chini, na hapo kuna masufuria ya viazi na nyama iliyookwa na jibini, saladi ya jeli, na keki za kukata vipande. LaVonne alikuwa mgeni siku hiyo, lakini alishindwa kukaa. Alichukua birika la kahawa na kuanza kuzunguka meza.

Kwenye meza ya pembeni alimkuta Orrin Skaar wa Vang. Alikuja kwa sababu binti wa dada yake anachezea Saint Walburga.

"Kahawa, Bwana Skaar?"

"Usijisumbue, mama."

"Si usumbufu."

"Hapana, niko sawa kabisa."

"Ndiyo ya mwisho hii, nakwenda kuimwaga."

"Basi, kama ni ya kumwaga."

Akanywa kikombe, akaongezewa, akaongezewa tena. Kisha, akiwa anatazama ukuta, akasema, "Ligi nzuri hii. Inasikitisha tu."

"Nini kinasikitisha?"

"Kwamba hamkututaka."

LaVonne anasema nusura ammwagie birika magotini.

"Sisi hatukuwataka? Si nyie mliokataa!"

"Nani alikataa?"

"Wewe hapo! Kamishna alikupigia Septemba. Desemba akaja mpaka kwako, akala mpaka pai!"

"Alikuja, sikatai. Pai alikula vipande viwili." Skaar aliweka kikombe chini taratibu. "Lakini aliuliza mara mbili tu, LaVonne. Nikasubiri ya tatu, kama ilivyo desturi. Mkuu wa chuo naye akasubiri, kila siku ananiuliza kama simu imelia. Krismasi ikapita. Tukasema basi, jamaa walikuwa wanatualika kwa adabu tu."

LaVonne alicheka mpaka watu wakageuka. Halafu akalia, birika likiwa bado mkononi, na mama mmoja wa Lindholm akaja kumpokea akidhani ameungua.

Kamishna alikuwa upande wa pili wa chumba anaongea na waamuzi. LaVonne alimpungia mkono.

"Terrell! Njoo umuulize huyu bwana."

"Nimuulize nini?"

"Lile la Desemba."

Kamishna alimvuta pembeni. "Bi LaVonne, ameshanikataa mara mbili. Na mimi nina aibu zangu."

"Muulize, mwanangu."

Akauliza, sahani ya viazi mkononi, mbele ya chumba kizima ambacho ghafla kilikuwa kimya sana kikijifanya kinakula. Je, Vang wangependa kujiunga na Ligi ya Tamarack?

Skaar aliangalia viatu vyake. "Kama haitakuwa usumbufu," akasema, "tunaweza kuja."

Kamishna alisubiri. Akamgeukia LaVonne. "Hiyo ni ndiyo?"

"Hiyo ni ndiyo kubwa kuliko zote utakazosikia ukiwa huku," LaVonne alimwambia.

Tujicheke kidogo, maana tunastahili. Watu wazima wa majimbo mawili walikaa majira yote ya baridi, kila upande umeumia moyo, kila upande unaamini umekataliwa, na hakuna aliyetaka kumsumbua mwenzake kwa simu moja. Vyuo vitano nusura vitawanyike kwa adabu.

Machi wakuu wa vyuo walipiga kura. Zote tano zilikubali, na shirikisho likapokea jina la mwanachama wa sita muda ukiwa bado upo. Saint Walburga hawakusema walikuwa wakiulizia wapi, na hakuna aliyewauliza. Makombe yametoka kwenye maboksi.

Siku ya kura LaVonne alimpigia simu Verlyn akiwa kwenye kiti cha mashine.

"Alisema 'sawa basi,' akakata," anasimulia, akicheka. "Nikakasirika. Baadaye muuguzi akaniambia alikuwa amewatangazia wodi nzima, mpaka mfagiaji."

Jioni ile Verlyn alichukua mkasi na kukata kifungo kwenye koti lake la kuwindia, lile la rangi ya chungwa kali inayoonekana hata msituni. Chungwa ndiyo rangi ya Vang. Sasa kifungo hicho kiko ubaoni, cha sita, kando ya cha bluu cha Lindholm. Koti halifungiki tena juu. LaVonne alitaka kushona kingine, mzee akasema liachwe hivyohivyo.

"Kila nikikiona napumua," anasema LaVonne. "Nilikuwa nimesahau kupumua. Unajua mtu anavyobeba gunia muda mrefu, mpaka akilitua mabega yanaendelea kuuma? Mimi bado yananiuma, lakini nimelitua."

Limebaki jambo moja, na analisema kwa sauti ya chini ingawa ofisini hakuna mtu mwingine. Ligi inataka kuwa na naibu kamishna, na kamishna anamtaka yeye.

"Aliniomba Jumatatu. Nikamwambia atafute kijana mwenye shahada. Jana akaniomba tena. Nikamwambia nimezeeka, kompyuta zinanisumbua."

Na ukweli ni upi?

"Ukweli kazi hiyo naitaka mpaka silali." Anafuta makombo ya keki mezani ambayo hayapo. "Natumaini hajasahau yale ya Lindholm."

Chini mlango wa duka unafunguliwa. Ngazi zinalia kwa hatua nzito za haraka, na Terrell Guidry anaingia, theluji bado mabegani. Hajavua hata kofia.

"Bi LaVonne," anasema. "Kuhusu lile jambo letu."

LaVonne anageukia ubaoni na kukiweka sawa kifungo cha rangi ya chungwa, ambacho kilikuwa kimekaa sawa.

"Lipi hilo?" anauliza.