Kwenda Kisauni Kutafuta Asili ya Wimbo wa Ijumaa Kuu

Niliondoka Changamwe kwa sababu ya hasira, na hilo nalisema mapema ili asije mtu akanisifu bure. Watu wakisikia kwamba mwalimu wa kwaya alifunga safari kwenda kuchunguza muziki wa Wajerumani wa kale, hudhani nilikwenda kutafuta elimu. Nilikwenda kutafuta fimbo ya kumchapia Mzee Hezekia.

Kisa chenyewe ni hiki. Ulikuwa mwaka wa pili tangu Vita vya Pili vya Dunia viishe, na mama yangu alikuwa kitandani mwezi wa pili, miguu imevimba, pumzi haimtoshi. Mimi na dada yangu Nyevu tulijua hatainuka, na mwenyewe alijua. Siku moja akaniita akasema ana haja moja tu. Aimbiwe wimbo wa matanga wa kwetu Rabai, ule ambao wanawake huuimba wakisha kulia mpaka machozi yamewakauka. Yeye mwenyewe aliwaimbia wimbo huo watoto wake wanne aliowazika kabla hajabatizwa. Nikamwambia, mama, wewe tulia, utaimbiwa kanisani siku yako itakapofika. Nikauandika kwa do re mi, nikautilia maneno ya Zaburi, nikaupeleka kwa wazee wa kanisa, kifua mbele.

Mwenyekiti wa wazee alikuwa Mzee Hezekia, mtu wa reli, kazi yake kuinua na kushusha ishara za treni pale stesheni. Alisema wimbo wa kipagani hauvuki kizingiti. Wimbo wa msiba tunao, akasema, ule wa Ijumaa Kuu, tena umetungwa na mtakatifu. Mtakatifu huyo alikuwa mpiga kinanda wa Kijerumani aliyekufa yapata miaka mia mbili iliyopita. Jina lake lilitushinda kutamka, kwa hiyo kwaya ilimwita Babu Kinanda. Nikamjibu kwa ukali kwamba hajui hata huo wimbo umetoka wapi. Naye akaniuliza kwa upole, “Wewe wajua?” Sikujua. Akanipa muda hadi Ijumaa saa kumi jioni, baraza litakapokaa. Nikija na la maana nitasikilizwa. Nikija mikono mitupu, wimbo wa mama nisiutaje tena, na kwaya nimwachie mwingine.

Alhamisi alfajiri nikatoka. Nilikuwa nimesikia kwamba huko Kisauni yuko mwanamke mmoja, Bibi Martha, ambaye hakuna mtu pwani nzima anayemjua Babu Kinanda kama yeye. Nyevu alinisindikiza hadi mlangoni. Hakunizuia, ila alisema hataki kubaki peke yake mama akizidiwa. Nikamwapia kwamba kesho jioni nitakuwa nyumbani.

Makupa nilipanda lori la kokoto, nikakaa juu ya mzigo pamoja na vibarua wawili walionitania njia nzima kwa sababu ya tai yangu. Kisiwani nikashuka, nikaenda kwa miguu mpaka daraja la Nyali. Daraja lile limelala juu ya maji, na gari likipita unahisi mbao zinabonyea chini ya nyayo. Siku nyingine ningesimama nikatazama. Siku ile nilipita mbio mbio huku nikihesabu saa, nikiona kila mwenye mkokoteni aliyenikinga njia ametumwa na Mzee Hezekia.

Saa sita mchana nilifika Kisauni, nikaambiwa Bibi Martha hayupo. Amekwenda upande wa Shanzu kufundisha watoto, atarudi jua likielekea kuchwa. Nilitaka kulia. Aliyeniambia ni jirani yake, Maalim Salim, mwalimu wa chuo cha Kurani, akanikaribisha barazani kwake, akaniletea maji na muhogo wa nazi. Nilipomweleza shida yangu hakuonyesha mshangao wowote. Alisema hata kwao yapo. Mwaka mmoja vijana waliitia kasida ya maulidi sauti ya ngoma ya harusi, na baba yake Maalim akakasirika, akainuka, akatoka nje.

“Ikawaje?” nikauliza.

“Mvua ikanyesha, akarudi ndani. Akaisikiliza mpaka mwisho. Kisha akasema wallahi ni nzuri, ila asiambiwe mtu.”

Nilicheka, lakini roho haikutulia. Nilimfikiria mama, nikafikiria Ijumaa saa kumi, na mchana ule ulivutika kweli kweli.

Magharibi Bibi Martha alirejea, mwembamba, mrefu, viatu mkononi, mwavuli kwapani. Nikamwamkia shikamoo, akaitikia marahaba bila kusimama. Alitoka katika zile nyumba za zamani za Wakristo wa Kisauni. Tangu usichana wake alifanya kazi kwa mmisionari mmoja wa Kijerumani, ambaye kutwa kucha alikuwa akiandika habari za yule mtunzi. Bibi alianza kwa kupangusa vumbi kwenye karatasi hizo, akaishia kuzinakili, na lugha akaijua. Mzungu alipokwenda zake alimwachia kinanda cha kukanyaga na kasha la karatasi. Tangu hapo, miaka zaidi ya thelathini, yeye ndiye aliyeendelea na kazi ile, daftari baada ya daftari, bila kutumwa na mtu.

Nikamwomba anionyeshe usiku ule ule. Alinitazama kutoka kichwani hadi miguuni. “Macho yangu ni ya mchana,” akasema. “Na wewe una haraka. Mtu mwenye haraka simfungulii kasha.” Nikalala kwa Maalim, kama kulala ndiko kule.

Ijumaa asubuhi aliniketisha kwenye kinanda kabla hajasema neno, akaniamuru nipige wimbo wa Ijumaa Kuu. Nikaupiga. Akaniuliza nadhani ni nani aliyeutunga. Nikamjibu ni Babu Kinanda. Akatikisa kichwa, akafungua daftari lenye jalada jeusi, akaniwekea kidole kwenye mstari.

Wimbo ule haukuwa wake. Aliukuta kanisani, akaupenda, akaupamba kwa sauti nne, akaurudia tena na tena katika kazi yake kubwa ya mateso ya Bwana. Na hilo kanisa nalo halikuutunga. Mwanzo wake ni wimbo wa mapenzi, wa kijana aliyevurugwa akili na msichana, hapati usingizi. Ndio ule ule, sauti kwa sauti, tunaouimba tukiwa tumevaa nyeusi. Bibi alikuwa ameandika maneno ya kwanza ya Kijerumani, na chini yake Kiswahili chake kizuri. Kisha akanionyesha mengine. Muziki ambao mtunzi huyo aliwatungia wakubwa wa serikali katika sherehe zao, tarumbeta na ngoma, aliuchukua mzima mzima akauimbisha Krismasi.

Nilisimama nikapiga makofi. Nilimwona Mzee Hezekia mbele ya macho yangu, kinywa wazi. Nikaomba kalamu.

“Nakili kurasa zote mbili,” Bibi akasema.

Ukurasa wa pili ulikuwa mrefu, umeandikwa herufi ndogo ndogo. Niliusoma juu juu. Ulieleza imani ya watu wale. Walioanzisha kanisa lao waliwanyang'anya makasisi kuimba, wakawarudishia watu wote, kwa lugha ya nyumbani na kwa sauti ambazo kila mtu anazijua. Kwao, sauti haiulizwi imezaliwa wapi, yaulizwa inamwimbia nani. Ndiyo maana mtunzi yule, akimaliza kazi, aliandika herufi tatu chini ya ukurasa, maana yake utukufu ni wa Mungu peke yake. Yapo mengine pia juu ya watoto wake aliowazika, nayo sikuyamaliza. Jua lilikuwa limepanda, na mwenye lori niliyepatana naye anirudishe alisema hangoji mtu.

“Bibi, huu wa kwanza watosha. Ndio wenye ushahidi.”

“Huu wa kwanza wasema walifanya nini. Huu wa pili wasema kwa nini. Mwanangu, ukiwapelekea wa kwanza peke yake watakuchinja nao.”

Nilimshukuru, nikamwambia ya kwa nini nitayasema kwa mdomo. Alifunga daftari, akaanza kukifuta kinanda pale nilipokuwa nimegusa.

Saa nane lori lilipasuka gurudumu kabla ya Makupa. Dereva alikaa chini akawasha sigara, akasema Mungu akipenda tutaondoka. Mimi sikungoja. Nilivua tai nikaitia mfukoni, nikatoka mbio kwenye lile tuta la barabara, maji huku na huku, jua kali, karatasi ya Bibi ndani ya shati ikilowa jasho. Nilikuwa nikisema peke yangu barabarani, nikijibu maswali ambayo hakuna aliyeniuliza. Wapita njia walinipisha.

Saa kumi kasorobo nilipita mbele ya nyumba yetu. Nyevu alikuwa mlangoni, akaniita. Alisema mama ameamka, amekunywa uji kidogo, na ananiuliza mimi tangu asubuhi. Nikamwambia naja sasa hivi, namaliza tu na baraza. Sikusimama.

Wazee walikuwa watano, na padre pembeni. Nilisoma karatasi yangu kwa sauti kubwa, na pale kwenye maneno ya kijana na msichana nikaongeza madaha, Mungu anisamehe. Nilipomaliza nikasema: basi, kama wimbo wa mapenzi umeweza kuvikwa nguo za Ijumaa Kuu, wimbo wa kuzika watoto una kosa gani?

Mzee Hezekia alivua miwani, akaifuta, akairudisha. Akauliza kama nina hakika. Nikasema ninayo. Akauliza mbona basi watu wa Mungu waliruhusu jambo kama hilo, ni nini kilichowapa haki. Hapo nilianza kueleza, nikasema habari za herufi tatu, nikazichanganya, nikarudi nyuma, nikasahau zilikuwa na maana gani hasa. Padre akaniomba karatasi yenye maelezo hayo. Nikasema sikuinakili.

“Mwalimu,” Mzee Hezekia akasema, na sauti yake haikuwa ya ugomvi hata kidogo. “Wimbo ule niliuimba nikimzika mke wangu. Uliokuwa umenishikilia nisianguke ni wimbo ule. Leo waniambia nilimwimbia mke wangu nyimbo za vijana wa mitaani.”

Nilikuwa nimetaka kumuumiza, na nilimuumiza, wala sikuona raha yoyote. Nilitamani kumwambia kwamba wimbo ule ni ule ule uliomshikilia, haukupungua kitu. Maneno yenyewe yalikuwa Kisauni, kwenye ukurasa wa pili.

Hawakukaa sana. Waliamua wa mama yangu usiimbwe, kwa kuwa ni wa kipagani. Kisha, jambo ambalo sikulifikiria wakati wote nikikimbia juani, waliamua na wa Ijumaa Kuu usiimbwe tena, kwa kuwa ni wa mapenzi. Kwaya waliniachia. Mmoja wao alisema kwa huruma kwamba sasa haina cha kuimba msibani, kwa hiyo mwalimu yeyote ataiweza.

Kabla ya magharibi nilikuwa kando ya kitanda cha mama, nimepiga magoti, vumbi mpaka nyusi. Alinitazama akajua.

“Wamekataa?”

“Wamekataa.”

“Na ule wenu wa Kizungu?”

“Na huo pia wameukataa. Kwa sababu yangu.”

Mama alianza kucheka. Alicheka mpaka kikohozi kikamshika, Nyevu akaja mbio kumwinua mgongo. Alipopata pumzi alisema, “Basi niimbie.”

Nikauliza, hapa? Akaniuliza yeye yuko wapi kama si hapa.

Nikaimba. Niliimba kama nilivyouandika, na maneno yangu ya Zaburi. Kwenye mstari wa tatu aliinua mkono.

“Siyo hivyo. Umeupandisha.”

Nilimwambia ndivyo nilivyousikia tangu utotoni, na ndivyo ulivyo kwenye karatasi. Akasema karatasi haikumzika mtu. Akauimba mwenyewe mstari ule, kwa pumzi zilizobaki, na kweli, pale nilipopanda mimi yeye alishuka, akakaa huko chini. “Hapo haupandi,” akasema. “Hapo mtu ameshachoka.” Nami niliyepita kisiwa kizima kutafuta asili ya wimbo wa Wajerumani nilikuwa nimetaka kanisa zima limwimbie mama yangu wimbo wake kwa makosa.

“Rudia,” akasema. Nikarudia. Mara ya nne ndipo aliporidhika, na Nyevu akaupokea, tukauimba wote watatu mpaka taa ikawashwa.

Alifariki Jumanne. Kanisani maneno ya maziko yalisomwa tu, bila wimbo, kama baraza lilivyoagiza, na ukimya ule ulikuwa mzito juu ya kila mtu, Mzee Hezekia zaidi. Aligeuka mara mbili kunitazama, nadhani akingoja nizue jambo. Sikuzua. Baada ya arobaini nilirudi Kisauni, nikanakili ukurasa wa pili wote, na safari hiyo Bibi Martha hakuhitaji kuniambia nikae. Nikampelekea Mzee Hezekia nyumbani kwake. Aliusoma mbele yangu, polepole, mara mbili, akaniomba nimwachie.

Wanaoniuliza nilijifunza nini huwaambia habari za mtunzi, kwa kuwa ndizo wanazozitaka, nazo ni za kweli. Lakini kwangu mimi safari ile ni hii: siku mbili nzima nilikimbia bara hadi bara nikimtafutia mama ruhusa ya kuimbiwa siku ambayo hatasikia, na siku zote hizo mbili alikuwa nyumbani, kitandani kwake, masikio yake mazima, akiniuliza nimekwenda wapi.