Nyumba za Udongo za Kansas

Tangu Jumamosi napita nyuma ya soko la Silibwet kama mtu anayetafutwa, na leo nitawaambia kwa nini.

Mimi ndiye mtunzaji wa maktaba yetu ndogo. Tuliletewa katoni ya vitabu kuhusu jimbo la Kansas, kule Marekani: historia yake, watu wake na nyanda zake za nyasi. Mwenyekiti wa maktaba akaniomba niwaelezee wanachama yaliyomo. Badala ya kusoma, nilipekua picha tu.

Siku yenyewe sikuweza kutulia. Nilizungukazunguka mbele ya watu, nikajifanya mtaalamu. "Kansas hakuna miti. Watu wanajenga nyumba kwa udongo wenye nyasi. Kuni hawana, kwa hivyo wanapikia mavi makavu ya ng'ombe."

Mama Chepkoech, ambaye binti yake anasoma huko, akaanza kulia. "Na mtoto wangu haniambii!"

Mdomo wangu haukunyamaza. "Pole sana, mama. Ndivyo vitabu vinasema."

Papo hapo akapiga simu ya video. Chepkoech akatokea akiwa jikoni kweupe, nyuma yake friji refu kuniliko.

"Chepkoech, ni kweli unapikia mavi ya ng'ombe?"

"Mama! Hayo yalikuwa ya watu wa zamani kabisa. Nani amekuambia?"

Mama akapangusa machozi, akaigeuza simu polepole mpaka ikanielekea usoni.

"Ni huyu hapa," akasema. "Msalimie."