Bena Aliyekatazwa Kufa

Ukishuka stendi ya Babati ukaulizia nyumba ya Benadetha Xaveri, watakuzungusha mpaka Bonga na usiipate. Sema tu, "Yule aliyezikwa akarudi." Hapo hata mtoto wa chekechea atakushika mkono akupeleke Singe.

Aliyezikwa akarudi leo ni mama mzima, ana mvi mbili tatu ambazo hazifichi. Alianza kazi ya kuigiza akiwa darasa la tatu. Siku hiyo alikuja mgeni rasmi kuzindua vyoo vya shule, na kwa kuwa choo hakiwezi kuzinduliwa kikavu, watoto waliandaa ngonjera. Bena alipewa nafasi ya yatima. Akalia machozi ya kweli, kamasi za kweli, mpaka mgeni rasmi akasahau mkasi wa kukatia utepe yuko nao mkononi, akajifutia macho nao nusura ajitoboe. Katika msafara wake alikuwapo Amedeus, mtu wa Arusha aliyekuwa anatengeneza tamthilia. Jioni yake akaja nyumbani kwa kina Bena.

Baba yake, mzee Xaveri, mkulima wa mahindi na maharage, alikubali upesi, nadhani alifikiri tamthilia ni aina ya sekondari. Mama yake aliuliza swali moja tu.

"Huko atakula nini?"

"Chapati na soda, mama."

"Haya."

Walirekodi kando ya ziwa na kule Bonga. Bena alikuwa mtoto anayeugua na kufa sehemu ya nne. Sasa Amedeus hakuwa mtu wa kubabaisha, hakutaka jeneza la maboksi. Alimpa kazi fundi wa Bonga, akachonga jeneza la mbao za mgrivea, saizi ya Bena, na kitambaa cheupe ndani. Bena alilala humo vizuri hata wakamtikisa kumwamsha. Mama yake siku hiyo alikuwa shambani anapalilia. Mtoto aliporudi aliulizwa umefanya nini, akasema amekula chapati na soda. Hakudanganya.

Miezi ikapita, watu wakasahau. Likizo ilipofika Bena akapelekwa kwa bibi yake Dareda, na wiki hiyohiyo tamthilia ikaonyeshwa. Enzi hizo Singe nzima ilikuwa inatazama televisheni moja, ya dukani, nayo sauti ilikuwa mbovu, inaonyesha zaidi ya kusema. Watu wakamwona Bena amelala, pamba puani. Wakaliona jeneza, wakayatambua makaburi ya Bonga, wakamtambua hata fundi, ambaye alikuwa amejipenyeza kwenye picha akiwa na koti lake la Krismasi.

Mmoja akasema, "Si ni igizo hilo?"

"Igizo na makaburi ya Bonga kabisa? Huyo mtoto wewe umemwona lini mara ya mwisho?"

Hakuna aliyekuwa amemwona. Mpaka kunakucha, mjadala ulikuwa umeelemea upande wa wale ambao hata dukani hawakuwapo.

Asubuhi mama yake Bena anafagia uwanja. Anaona wanawake wanaingia, beseni za unga kichwani, mafungu ya kuni, na mbele yao jirani yake, Mama Brightness, tayari anapiga mayowe. Akasimama na ufagio.

"Nani amefariki?"

"Pole Mama Bena. Pole. Kwa nini mmetuficha jamani?"

Hapo kila mtu anayesimulia hadithi hii hucheka, mimi pia nilikuwa nacheka, mpaka nilipofikiria upande wa yule mwanamke. Mtoto wake alikuwa Dareda. Simu kwa bibi haikuwapo. Kama watu wote hawa wanalia, basi taarifa imewafikia wao kabla yake. Mama Bena akaketi pale pale kwenye vumbi. Mumewe akadandia gari kwenda Dareda. Na tangu saa hiyo mpaka jioni, Xaveri aliposhuka kwenye fuso la mahindi na Bena akitafuna muwa, mama huyu alikuwa amefiwa.

Hakumkimbilia. Aliinuka, akamshika mkono, akamzungusha kwa waombolezaji mmoja mmoja. "Mshike. Na wewe mshike." Wakamshika wote, mashavu, masikio, mwanamke mmoja akamfinya kabisa. Kesho yake mama akaenda Bonga kwa fundi. Jeneza lilikuwa bado lipo, maana nani atanunua jeneza lililolaliwa na mtoto mzima wa afya. Akalibeba kichwani mpaka Singe, akalipasua kwa shoka, akalipikia makande. Wote waliokuja na unga wakaitwa kula. Walikula kwa adabu sana, wanasema.

Na jioni hiyo akamwita mwanaye.

"Igiza mwizi. Igiza mlevi, igiza mchawi ukitaka. Kufa, hapana. Mpaka mimi nitangulie. Umesikia?"

"Nimesikia mama."

Bena alikuwa na miaka tisa. Wengine tuliahidi mengi tukiwa na miaka tisa. Yeye alishika.

Sasa wewe mtazamaji wa tamthilia zetu unajua kazi ya mwanamke humo ndani: asumbuliwe na mama mkwe, halafu afe. Mwigizaji asiyekufa ni kama fundi ujenzi asiyepanda ngazi. Bena alikua, akaenda Dar, akapata kazi, lakini zile za kubaki hai. Muuguzi. Dada wa kazi. Askari wa zamu. Dada wa marehemu, hiyo aliirudia sana, mpaka wenzake wakamwita mfiwa wa taifa. Akiwa msichana wa ishirini na kitu aliletewa nafasi ambayo mtu huipata mara moja, mke mgonjwa, tamthilia nzima juu yake, anakata roho mwishoni. Akaikataa. Aliyeichukua mpaka leo watu wanapiga naye picha sokoni. Nyumbani Bena hakulisema. Mama yake alijua tu kwamba mwanaye yupo kazini na anakula.

Baadaye simu zikapungua. Watengenezaji wanapenda sura mpya, na sura ya Bena walikuwa nayo tangu ina meno ya utoto. Ndipo akaingia kwenye kazi ya kuingiza sauti, zile tamthilia za Brazil zinazozungumzishwa Kiswahili, na huko akakabidhiwa mwigizaji wa kike wa huko anayeitwa Jandira Falcone.

Hawajawahi kuonana. Jandira hajui kama duniani kuna Babati. Lakini Bena alimjua kuliko ndugu. Naye alianza mdogo, miaka saba, mtoto wa shamba la kahawa anayepotea msituni. Akakua mbele ya kamera, akanenepa mbele yake, akapata makunyanzi mbele yake, na Wabrazili wakawa wanampenda na kumchoka kwa zamu. Bena alijua kwamba Jandira kabla hajasema uongo huvuta hewa kwa pua, na akitaka kulia kwanza hucheka kidogo. Alimfuata pumzi kwa pumzi, tamthilia baada ya tamthilia. Fundi sauti wao, Mustapha, alikuwa akimwambia, "Dada Bena, siku ukinuna wewe, yule mama kule Brazil anapata homa."

Singe nako mama alikuwa amepofuka. Presha ya macho. Mzee Xaveri alikuwa ameshatangulia. Kila jioni Mama Brightness alikuja kukaa naye mbele ya televisheni, huyu anaona, yule anasikia.

"Amevaa nini?"

"Gauni jekundu, mgongo wote nje."

"Mwambie atapata kichomi."

"Nimwambie nani, Mama Bena? Mzungu yule."

"Sauti ni ya mwanangu. Kichomi atakipata mwenye sauti."

Basi mwaka jana zikaja sehemu za mwisho za tamthilia yao kubwa, na mle ndani Jandira anakufa. Anakufa taratibu, kitandani, maneno mengi, pumzi moja moja. Bena akaenda kwa wakubwa kuomba kifo hicho asome mtu mwingine. Wakamwambia mtazamaji hawezi kuishi na sauti moja na kufa na nyingine. Kama yeye Bena hawezi, sauti yote ya Jandira inahamia kwa binti mwingine, tamthilia hii na zinazokuja. Miaka yote ile ya kufuatana pumzi. Bena akapanda basi la Babati.

Alimkuta mama kajilaza, amekonda, miguu imevimba. Akamwamkia, akaitikiwa, akakaa chini kwenye mkeka akamweleza yote, mpaka ile ya mke mgonjwa aliyoikataa zamani.

"Hiyo ya zamani, ungeniambia."

"Ungekubali?"

"Nisingekubali. Lakini ungeniambia."

Nje kuku wanachakura.

"Huyo Mbrazili anapokufa, nani amemshika mkono?"

Bena akafikiri. "Hakuna. Watoto wake wanagombana nje."

"Unaona sasa." Mama akajivuta akaketi. "Utakufa. Ila utafia hapa hapa, nimekushika. Nikisikia mapigo yako nitajua ni uongo. Huko Dar peke yako chumbani, sikuruhusu."

Ilibidi Mustapha aje na vifaa vyake kutoka Dar, akilalamika vumbi tangu Minjingu. Akaweka godoro dirishani, blanketi mlangoni, kipaza sauti kando ya kitanda. Walichagua Jumapili asubuhi, maana muda wa ibada Singe nzima inakuwa kimya, wanabaki jogoo tu, na jogoo wa jirani, Mustapha aliwafunga kwenye tenga akawarundikia magunia.

Sasa shida ikawa kwamba hakuna aliyemwambia Mama Brightness. Yeye siku hiyo tumbo lilimkata katikati ya mahubiri, akatoka. Anapita kwa jirani yake aombe chai ya tangawizi, anaona dirisha limezibwa. Blanketi mlangoni. Anasogea. Ndani anasikia sauti ya Bena, "Msigombane wanangu," halafu pumzi, halafu pumzi ndogo, halafu hakuna.

Mtu angefikiri mwanamke huyo amejifunza. Kwanza si alishawahi kuleta unga bure? Lakini alikuwa amemsikia Bena akiigiza miaka yote, akilia, akifungwa jela, akiolewa, na hakuwahi hata mara moja kumsikia akifa. Hakuwa na cha kulinganisha. Akapiga yowe ambalo lilivuka barabara, likaingia kanisani, likamkata mchungaji sentensi. Watu wakatoka. Walipofika uwanjani, na nguo zao za Jumapili, walimkuta mama kipofu amesimama mlangoni, blanketi begani, amemshika mwanaye mkono.

"Mshikeni," akasema. "Ni mzima. Mshikeni."

Wakamshika. Safari hii hakuna aliyecheka hata baadaye. Waliona uso wa Bena ulivyolowa, na waliona miguu ya yule mama ilivyovimba, na wakaelewa nani hasa anayeagwa pale.

Mustapha ndani alikuwa anasikiliza alichorekodi, ameshika kichwa. Yowe limeingia. Kisha akaangalia tena picha, ile sehemu ambayo watoto wa yule Mbrazili wanafungua mlango na kumkuta, binti mkubwa anaachama mdomo. Akaliweka yowe pale. Likakaa kama limezaliwa humo.

Mama Bena hakuisikia sehemu hiyo ikionyeshwa. Alifariki mvua za kwanza zilipoanza, siku chache kabla, usingizini, Bena akiwa ameushika mkono wake. Watu wa Singe walikuja na unga na kuni. Walipofika uwanjani walisimama kwanza, wote, na beseni vichwani, wakimtazama Bena, kama wanaosubiri mtu atoke mlangoni awaambie washike. Hakutoka mtu. Bena akatikisa kichwa. Ndipo wakashusha mizigo.

Usiku wa ile sehemu, televisheni ya watu wengine ilisikika mpaka kwenye mkeka wa msiba, pumzi, pumzi ndogo, halafu lile yowe. Mama Brightness akainua uso.

"Yule si mimi?"

"Ni wewe, mama," Bena akajibu.

Akajifunika kanga usoni, aibu au kilio, haikujulikana. Kisha akasema lile ambalo wengine tulikuwa nalo kooni.

"Sasa Bena, wangekusubiri kidogo tu. Leo ungekuwa huru na ile ahadi, ungekufa bila kumsumbua mama yako."

Bena alikuwa anachambua maharage ya wageni. Hakuacha kuchambua.

"Leo ningekufa," akasema. "Ila ningeshikwa na nani?"

Mama Brightness akalisogeza beseni pembeni, akamshika.