Siku Niliponyamaza South Beach

Jamani, hii nawaambia ninyi tu, maana hadi leo nikimwona Mama Espérance wa kanisani kwetu navuka barabara hata kama robot, taa ya barabarani, bado ni nyekundu.

Nasoma sanaa hapa Durban, na muhula ule mwalimu alitaka kila mmoja wetu afanye onyesho mbele za watu, lirekodiwe kwa video, lieleze yeye ni nani. Mimi ni Mrundi niliyekulia mtaa wa Greyville hapa hapa Durban (nyumbani Kirundi, kanisani Kiswahili, kwenye taxi Kizulu), nikawaza: nitakaa kwenye kiti pale ufukweni South Beach, nusu ya uso nimejipaka unga, nisiseme neno, kila anayepita aniambie anadhani mimi ni nani. Kamera alishika Lindiwe, tunasoma pamoja, nami kwa kiburi changu nikamwambia, "Hata itokee nini, usizime, usiingilie." Hapo ndipo nilipojiloga mwenyewe.

Mwanzoni mambo yalikuwa sharp. Mmoja akasema mimi Mkongo, mwingine akasema mganga. Mara nikasikia, "Nadine? Si mtoto wa Mama Nadine wa saluni huyu?" Mama Espérance, kiongozi wa maombi, na wenzake wawili!

"Nadine, iko nini? Nani amekupaka hivi?"

Nikajiambia nikifungua mdomo nimefeli, basi nikanyamaza, kumbe kunyamaza ndiko kulikochochea moto. Akanishika kichwa, "Pepo bubu, toka!", wenzake wakaitikia, watu wakajaa, simu zikainuliwa, jasho likateremsha unga hadi jichoni, machozi yakanitoka, wakapiga kelele, "Anatoka! Anatoka!" Nikamkodolea macho Lindiwe anisaidie (Kiswahili hajui hata kidogo, alidhani wale ni waigizaji wangu), naye akaniinulia kidole gumba. Eish!

Kisha mama akafika. Walikuwa wamempigia simu, akaacha mteja kwenye kiti, akaja mbio na glavu za dawa ya nywele mikononi, akapiga magoti mbele yangu. Mama yangu, ambaye sijawahi kumwona akilia mbele za watu, alikuwa analia.

"Mwanangu, niambie jina lako tu. Jina tu."

Nikashindwa kujizuia. "Mama, ni mimi, Nadine. Ni kazi ya shule."

Mama akainuka, akautazama umati, akaitazama kamera. "Ya shule," akasema, basi. Akanishika mkono tukaondoka, nyuma yetu Mama Espérance anashukuru kwa sauti kwamba bubu amesema.

Lindiwe alisema ile video ingekuwa bora kuliko zote darasani. Labda. Lakini kilio cha mama kilikuwa mle ndani, nikaifuta, nikaanza kazi upya nikiwa nimechelewa na nikapewa alama za huruma. Tangu hapo nimeapa: kabla sijauliza mji mzima mimi ni nani, kwanza namuaga mama. Naye kila akiniona nabeba kamera ananiuliza swali moja tu: "Leo utaongea?"