Pole ya Fundi Cherehani

Fundi cherehani wa mtaani kwetu ana ule ugonjwa wa kuchopoka kwenye wakati. Mguu uko kwenye pedali, pini ziko mdomoni, ghafla macho yanapoa, naye yuko siku nyingine, ya mwaka juzi au ya mwakani, mara amerudi. Akirudi hupapasa chaki nyuma ya sikio na kuuliza, kwa sauti ya mtu aliyeamshwa, "Leo tumefika wapi?" Tunamtajia siku, anaendelea kushona. Vidole vyake havikosei. Akikuachia nafasi kiunoni hujamwomba, usibishe, nenda kapime mimba.

Jana nilimpelekea vitambaa viwili, changu na cha dada yangu, vya harusi ya kaka yetu. Tangu utotoni hunipima mimi peke yangu, kwa kuwa mwili wangu na wa dada ni sawa. Akanizungushia futi, mikono ikasimama. "Pole na msiba, binti yangu." Nikamwambia kwetu wote wazima. Akapapasa chaki, ila safari hii hakuuliza siku. "Nisamehe," akasema. "Nimewahi." Akakunja kitambaa kimoja taratibu, akanirudishia mikononi. "Hiki cha dada yako, rudi nacho." Nyumbani dada akauliza kulikoni, nikamdanganya kwamba kitambaa kimepungua. Akacheka, akajitupa kitandani, akajitandazia kitambaa. "Kimepungua wapi?" akasema kutoka chini yake. "Si hiki kimenifunika mzima, utosi hadi nyayo."